Kindi wa Kabati la Sita

Mume wangu ni fundi wa kukausha wanyama, na mimi ni mchoraji wa mahali wanapokaa. Ukimletea ngozi ya kindi iliyosinyaa, atailoweka, ataitia dawa, atamjengea kiwiliwili cha waya na pamba, atamshona tumboni kwa uzi usioonekana na kumtia macho ya kioo, mpaka udhani mnyama anataka kukuuliza saa ngapi. Mimi kazi yangu ni kupaka msitu nyuma yake. Watu wakiingia makumbusho wanamtazama kindi. Msitu wanaukuta tu, kama walivyoukuta ukuta na mlango.

Mama mkwe wangu, tunayeishi naye nyumba moja, ana namna yake ya kuwaeleza wageni jambo hili. "Mwanangu anafufua wanyama," husema. "Mkewe anapaka rangi." Halafu ananiongezea chai, kwa mapenzi kabisa, maana hajui kama amenichoma.

Mambo yalianza mkurugenzi wa makumbusho alipofungua droo za stoo na kukuta ngozi za kindi wa kila namna, zimelala kwenye nafthalini ya kufukuza nondo tangu enzi za watu tusiowajua. Mkurugenzi ni mwanamke mwerevu, hapendi maneno mengi, na miwani yake hukaa kichwani zaidi kuliko machoni. Akaamua pajengwe Ukumbi wa Kindi wa Dunia. Akatuita, mimi na Fundi, akatupa mkataba wa mpaka siku ya ufunguzi.

"Ukumbi ukishafunguliwa nina nafasi moja ya kudumu," alisema. "Moja tu. Nitamchukua mmoja wenu. Sipendi mkagombane."

Tulicheka wote watatu. Njiani Fundi akanishika mkono akasema atakayeipata itakuwa yetu sote, na mimi nikasema kabisa, mume wangu, tofauti iko wapi. Nilikuwa namdanganya mchana kweupe. Niliitaka nafasi ile. Si kwa ajili ya mshahara peke yake. Nilitaka siku moja nipite mlangoni pa makumbusho, mlinzi amwambie mwenzake, "Yule ndiye," badala ya, "Yule mke wake."

Seremala alitangulia. Aliambiwa ajenge kabati la kioo kwa kila bara, akajenga sita, kila moja kubwa kiasi cha mtu kuingia na kunyoosha mikono. Antaktika aliiruka mwenyewe kwa hekima zake, akisema barafu tupu hata yeye asingekaa. Fundi alipoyapita yale makabati akipima, alifika la mwisho akajikuna kichwa.

"Hili la nani?"

"Australia," seremala akajibu.

"Australia haina kindi."

"Mimi niliambiwa mabara, sikuambiwa kindi. Na nimeshaligundisha ukutani."

Ikabidi twende kwa mkurugenzi. Fundi, ambaye nyumbani anaweza kumaliza siku nzima kwa "ndiyo" na "hapana", akiguswa kwenye kindi hufunguka kama bomba. Akaeleza kwamba ukoo huu umetapakaa kila mahali, msituni, jangwani, mlimani, kwenye theluji, ila Australia haukufika. Waliopo kule ni wachache walioletwa na watu, nao ni wageni, hawahesabiki.

"Basi kabati tulifanyeje?" mkurugenzi akauliza.

"Tuliache tupu. Mke wangu apake msitu wa kule, mimi nisiweke kitu. Kutokuwepo nako ni habari."

Mkurugenzi aliipenda hiyo hapo hapo, nadhani kwa sababu kabati tupu halina gharama ya kindi. Kikachongwa kibao: "Australia. Huku hakuna kindi wa asili." Kikawekwa chini, usawa wa magoti.

Tukaanza kazi, na ushindani ukaanza nao, ingawa hakuna aliyeutamka. Kabati la Afrika tuliweka kindi wa ardhini wa kule kusini kwenye ukame, anayeishi mashimoni, ambaye jua likizidi hujifunika kwa mkia wake mwenyewe kama mwavuli. Fundi aliusimamisha ule mkia unywele kwa unywele. Mimi nikamjibu kwa kivuli: nilipaka mchanga wote unawaka, isipokuwa pale mkia ulipokinga. Kabati la Asia akaweka wawili: kindi mkubwa wa India, mwenye rangi ya kahawia iliyoiva na tumbo la rangi ya maziwa, ukimpima na mkia mrefu kumshinda paka, na mwingine mdogo anayepaa, mwenye ngozi iliyotandazwa kati ya mikono na miguu, hurusha mwili kutoka mti mmoja na kutua mwingine. Huyo wa kupaa Fundi alimtundika hewani kwa waya mwembamba, akajisifu wiki nzima. Nikampakia bonde chini yake, refu, ili kila amtazamaye ashikwe na kizunguzungu. Mwenyewe Fundi akilitazama alikuwa anashika ukingo wa kabati, na hakuwahi kusema kwa nini.

Ulaya tulimweka mwekundu mwenye vishungi masikioni, juu ya msonobari. Amerika Kaskazini tulimweka yule wa nchi za theluji, anayelala shimoni majira yote ya baridi mpaka mwili wake unakuwa baridi kuliko barafu, kisha anaamka na kwenda zake kutafuta chakula. Amerika Kusini, kwenye msitu mkubwa wa mvua, alikuwepo mdogo wa kukaa kiganjani, na hapo nilipaka majani mapana mpaka Fundi akalalamika kwamba nimemmeza mnyama wake.

"Ndivyo msitu ulivyo," nikamwambia.

"Watu wanakuja kuona kindi, bibie."

"Wakimtafuta watamwona."

Hatukuzungumza mpaka chakula cha jioni, na hapo mama mkwe ndiye aliyezungumza.

Sasa katika kazi yetu kuna kitu tunachokiita kiti. Mchoraji hapaki msitu halafu fundi akamtupia mnyama popote. Mimi huanza kwa kumwandalia mnyama pa kukaa. Tawi linainama kidogo kwa uzito wake, majani yanampisha, gome linakuwa na mikwaruzo ya kucha pale alipopandia, na mwanga wote wa picha unaelekea hapo bila kujitangaza. Fundi akishamweka mnyama, kiti hakionekani tena, unachoona ni kindi aliyetua sasa hivi. Nimefanya hivyo tangu nilipoolewa, mkono umezoea, siuambii tena.

Kabati la sita nililipaka mwisho na kwa haraka. Mikaratusi mirefu, magome yanayobanduka, mbingu iliyokauka, vyote rangi tupu, maana hakukuwa na mnyama wa kuhitaji tawi la kweli. Seremala akafunga kioo. Nikarudi nyuma kulitazama, na hapo ndipo nikaona. Tawi la katikati limeinama. Majani yamepisha. Gome lina mikwaruzo safi. Mwanga wote umekusanyika pale, unamsubiri mtu asiyekuja.

Nikamwita Fundi. Akatazama, akanitazama.

"Umemwekea kiti."

"Mkono ulijiendea."

"Kioo kimeshafungwa, na ufunguzi ni kesho. Achana nalo, nani ataangalia kabati tupu."

Siku ya ufunguzi alikuja mgeni rasmi, bwana mkubwa, suti nzito, na msafara wa watu ambao kazi yao ilikuwa kucheka baada yake. Alipita kabati la kwanza akasema vizuri. La pili, vizuri sana. Kwenye bonde langu alirudi nyuma hatua akasema Fundi ameweza. La tatu, la nne na la tano aliyapita akiongea na msaidizi wake kuhusu jambo jingine. Mimi nilikuwa ukutani, nimevaa gauni langu zuri, na macho yangu kwa mkurugenzi, maana nilijua ndiyo siku anayoamua.

Kabati la sita, mgeni rasmi akasimama. Akainama, mikono magotini, suti ikalalamika mgongoni. Msafara ukainama. Kibao kilikuwa pale chini, mbele ya magoti yake, wala hakukitupia jicho. Halafu akatabasamu taratibu.

"Nimemwona," akasema.

"Umemwona nani, mheshimiwa?" mkurugenzi akauliza.

"Huyu mjanja. Kidogo anipite." Akaelekeza kidole kwenye lile tawi lililoinama. "Makabati yale mengine yote mtu anamwona kindi akiwa mlangoni. Huyu unamtafuta. Tazama alivyojibanza. Hii ndiyo kazi."

Msaidizi akasema ndiyo, sikio lile pale. Bibi mmoja aliyevaa kofia akaona jicho. Mwandishi wa habari akaapa kwamba amepepesa. Mkurugenzi akashusha miwani machoni, jambo analofanya kwa nadra, kisha akairudisha kichwani.

Hapo mume wangu akajitokeza mbele. Yeye ambaye akiambiwa asalimie watu huanza kukohoa, alitoka kwenye umati akasema kwa sauti ya wazi, "Mheshimiwa, mle hamna kindi. Ni mchoro mtupu. Kabati lote ni kazi ya mke wangu, yule pale, mimi sikutia mkono."

Nimempenda mtu huyu miaka mingi, lakini sijui kama nimewahi kumpenda kama dakika ile. Nilijiweka sawa gauni, nikajua wote watageuka.

Mgeni rasmi akamwekea mkono begani. "Mnaona?" akawaambia wenzake. "Hivi ndivyo fundi wa kweli anavyokuwa. Kazi yake kubwa kuliko zote, anampa mkewe."

Wakapiga makofi. Mama mkwe, aliyekuwa ameketi safu ya mbele, akajifuta machozi. Fundi akafungua mdomo aeleze tena, na kila alivyoeleza makofi yaliongezeka. Mkurugenzi alipiga naye, akitazama sakafu. Kabla ukumbi haujafagiliwa, nafasi ilikuwa ya Fundi.

Usiniulize jinsi nilivyolala siku hiyo. Ningekuwa na mume mwongo ningejua pa kumshika. Huyu wangu alisema ukweli wote mbele ya watu, akakosa wa kumwamini, nami nikabaki na hasira isiyo na mwenyewe. Aliniomba radhi mara kadhaa. Nikamwambia hakuna kosa, na neno hilo lilikuwa kweli, na ndilo lililonitia uchungu zaidi.

Mgeni rasmi akaenda kuzungumza redioni. Akasema nchi hii ina fundi anayeweza kuficha kindi mahali peupe, na asiyemwona basi macho yake ni ya kwenda kupimwa. Watu hawapendi kuambiwa hivyo. Siku iliyofuata foleni ilitoka mlango wa makumbusho ikakunja kona ya duka la viatu. Walipita makabati matano kwa mwendo wa kwenda kazini na kujazana kwenye la sita. Kila mmoja alimwona. Wengine walimwona akila, wengine alikuwa amewapa mgongo, na mzee mmoja alisema wako wawili.

Mkurugenzi akamwita Fundi ofisini.

"Kile kibao," akamwambia. "Kinasema hakuna kindi, na mheshimiwa amesema yupo. Kibandue. Weka kingine: 'Kindi wa Australia. Mtafute.'"

"Siwezi," Fundi akajibu. "Hayupo."

"Sikuambii useme yupo. Nakuambia useme wamtafute."

"Watamtafuta mpaka lini?"

Walizungushana hapo mpaka chai ikapoa, kisha Fundi akatoa funguo za karakana mfukoni, akaziweka mezani, akarudi nyumbani na boksi lake la sindano. Mama mkwe alikuwa sebuleni, bado anapokea pongezi za majirani.

"Umeacha kazi ya kudumu," akamwambia mwanawe majirani walipoondoka, "kwa ajili ya kindi ambaye hayupo?"

"Ndiyo, mama. Kwa sababu hayupo."

Mama mkwe alinigeukia nimsaidie. Nilikuwa namwonea Fundi fahari, na wakati huohuo nilitaka kumrushia kiatu. Nikaenda kuchemsha maji.

Mimi niliitwa kesho yake. Mkurugenzi akanionyesha kiti, na hakunizungusha.

"Najua ni nani aliyefanya lile kabati," alisema. "Nilijua palepale. Lakini mheshimiwa ameshatia mdomo wake, na bila yeye huu ukumbi nitaambiwa niugeuze stoo ya meza mbovu. Nafasi ni yako ukiitaka. Nakuomba kitu kidogo: nipakie mkia. Ncha tu, nyuma ya lile tawi. Atakayekuja kuniuliza kindi yuko wapi, nimwonyeshe kitu."

"Na kibao?"

"Kitakuwa na jina lako. Peke yako."

Kama kuna anayetaka kunilaumu, kwanza akapake misitu mitano nyuma ya migongo ya wengine. Nilikubali kabla hajavuta pumzi.

Tatizo likawa mkia wenyewe. Mtu mwingine angepaka mkia wowote akaenda zake. Mimi sijui kupaka mkia wowote. Mnyama hukaa jinsi mahali palivyomtaka akae, na huyu mahali pake nilipajua, nilipapaka mwenyewe. Nikarudi nyumbani, nikamkuta Fundi jikoni anamenya viazi kwa kisu kidogo cha kazini, maganda membamba kama karatasi.

"Hebu nikuulize," nikasema, nikijitia hamnazo. "Kindi akikaa mahali pa jua kali, miti mirefu yenye gome linaloteleza, mwewe wengi juu. Mkia wake ungekuwaje?"

Bomba likafunguka. Alisema angehitaji mpana wa kujikinga na jua, kama wa yule wa ukame wa kusini. Lakini wa ardhini hapandi miti, na huyu anapanda, kwa hiyo lazima uwe mrefu wa kushikia mizani. Nikasema rangi ya kijivu, ya gome. Akasema juu tu, chini uwe mweupe, ili mwewe akimtazama kutoka juu asimwone, na nyoka akimtazama kutoka chini adhani ni mbingu. Nikachukua penseli. Akasogeza viazi pembeni. Tulibishana urefu, akanisahihisha, nikamsahihisha, tukacheka. Hatukuwa tumezungumza namna ile tangu seremala alipoleta makabati. Nilisahau kabisa kwa nini nilimuuliza.

"Huyu ni kindi wa wapi lakini?" akauliza. "Simjui."

Akaitazama karatasi, akaona lile tawi.

"Umekubali."

"Nimekubali."

Akarudi kwenye viazi vyake. Alimenya kimoja, cha pili.

"Mimi siwezi," akasema hatimaye. "Wewe fanya unavyoona." Na baada ya kingine, bila kuinua kichwa: "Nywele za nchani uziache zitawanyike. Zikishikana utakuwa mkia wa paka."

Niliupaka siku ambayo makumbusho yamefungwa. Nikatumia brashi ya unywele mmoja, nikalaza kila unywele unakotaka kulala, kijivu juu, weupe chini, na nchani nikauachia mwanga upite katikati. Sijawahi kuwa na furaha kazini kama siku ile. Nilikuwa nadanganya umma, na nilikuwa nafanya kazi ya kweli kuliko zote nilizofanya, na sikuona mambo hayo mawili yakigombana hata kidogo. Seremala akarudisha kioo. Kibao kipya, chenye jina langu, nilikifuta kwa ncha ya khanga mara mbili tatu.

Watu wakaingia. Yule wa kwanza, kijana wa miwani ambaye alikuwa amekuja kila siku, akainama kama kawaida yake. Akainuka.

"Huu umechorwa," akasema.

"Upi?"

"Mkia. Si unaona? Rangi tupu."

Mwenzake akatazama. "Kweli. Na yule wa mwanzo yuko wapi?"

Habari ikatembea kwenye foleni haraka kuliko foleni yenyewe. Ilipofika kona ya duka la viatu ilikuwa imeshanenepa: kindi mwenyewe, kazi ya Fundi, ametolewa, amehamishiwa ofisini kwa mkurugenzi, na mahali pake pamepachikwa mchoro wa mke wake. Wengine walidai fedha za kiingilio. Wengi hawakuwa na hasira, walikuwa na huzuni. Walikuwa wamemzoea. Bibi wa kofia alirudi, akasimama pale, akasema yule wa mwanzo alikuwa anapumua.

Mgeni rasmi naye alikuja, amewaleta wageni wake wamwone. Akainama kwenye kabati, mikono magotini. Alikaa hivyo kitambo. Akainuka uso umekunjamana.

"Yule mwenyewe mmempeleka wapi?"

Mkurugenzi akashikwa na kikohozi. Mheshimiwa akatafuta wa kumlaumu, na safari hii macho yake yakashuka mpaka kwenye kibao. Akalisoma jina langu, lote, la kwanza mpaka la mwisho, kwa sauti nzito ya jukwaani, mbele ya wageni wake. Mimi nilikuwa pembeni ya nguzo.

"Ndiyo maana," akasema.

Kabla ya jioni mkurugenzi alikuwa sebuleni kwetu, miwani kichwani, kikombe cha mama mkwe mkononi. Alimtaka Fundi arudi. Alimtaka aje asubuhi, mlango ukiwa wazi, watu wakiwa nyuma ya kamba, aufute mkia wamwone kwa macho yao, ili wajue kazi yake imerudi mikononi mwake.

"Nafasi mpe mke wangu," Fundi akasema.

"Nimeshajaribu."

Akanitazama. Nyumba ilihitaji mshahara wa mmoja wetu, na aliyekuwa anatakiwa ni yeye.

"Basi kibao cha zamani kirudi," akasema. "Kile cha kusema hakuna."

Mkurugenzi hakufikiri hata kidogo. "Kirudi. Hakisomwi."

Asubuhi seremala akatoa kioo. Watu walijaa nyuma ya kamba, kimya kama wako msibani. Mume wangu akaingia kabatini na kitambaa na kopo la tapentaini, mimi nikaingia kumshikia taa. Rangi yangu ilikuwa bado mbichi juu ya vanishi iliyokinga mchoro wa zamani, ingetoka kwa kupangusa tu. Akasogeza uso karibu. Akabaki hivyo, kitambaa kimelowa kwenye ngumi yake.

"Nani alikufundisha kulaza nywele hivi?" akaninong'oneza.

"Nimekaa nyuma ya kindi wako miaka yote hii. Ulidhani nafanya nini?"

Akaufuata mkia kwa macho kutoka mwanzo mpaka nchani, mahali mwanga unapopita.

"Mimi sijawahi kuupata," akasema. "Hata mara moja. Yote ile ya makabati mengine, hakuna mkia wangu hata mmoja unaoufikia huu."

Maneno hayo niliyasubiri tangu nilipoolewa. Nilitaka niyasikie sebuleni, mbele ya mama yake, au mlangoni, mbele ya mlinzi, na kama haiwezekani basi hata jikoni. Niliyapata ndani ya kabati, kwa kunong'onezwa, na kitambaa cha tapentaini kikidondoka kati yetu. Machozi yalinitoka na sikuwa na mkono wa kuyafuta.

"Siwezi kuufuta," akasema.

"Futa. Watu wanasubiri."

Akafuta. Ulitoka kwa mipanguso michache, ukabaki uchafu wa kijivu kwenye kitambaa, na tawi limeinama peke yake, na mwanga wote umekusanyika pale. Nyuma ya kamba mtu mmoja akashusha pumzi. Kisha mwingine akasema kwa sauti ya furaha kwamba karudi, yule pale, na makofi yakalipuka, na Fundi akatolewa kabatini kwa kushikwa mikono.

Nilibaki mle ndani na taa, natafuta pa kutokea kati ya umati. Mwanamke mmoja, amempakata mtoto, akanigusa bega kwa adabu.

"Samahani, mama," akasema. "Sogea kidogo, unatuzibia kindi."

Nikasogea.